Ugonjwa Usio na Mwenyewe

Nilipokuwa na miaka saba au nane, sijui hasa maana kwetu hatukuandikwa, baba yangu alinichukua kwa miguu kutoka Mwamkulu mpaka Mpanda mjini kuuza nta. Wakati huo mgodi wa madini ya risasi ulikuwa bado unafanya kazi, umezungushiwa waya. Mimi nilikuwa nimekaa kwa katekista miezi michache, nazijua herufi, na baba alikuwa anatembea na mimi kifua mbele kama mtu mwenye bunduki. Tukafika kwenye waya penye kibao cha bati chenye neno moja kubwa jekundu. Baba akasema, "Soma." Nikazitaja herufi moja moja kimoyomoyo, zikakataa kuungana. Kilikuwa Kizungu. Sasa ningefanyaje? Nyuma yetu walikuwa wamesimama wazee wawili wa Karema, wanasikiliza. Nikasema, "Imeandikwa Karibuni."

Tukaingia. Wakatoka mbwa watatu. Baba aliacha pale nta yote na kipande kikubwa cha kaptula yake. Tulipokuwa mbali akakaa kwenye kichuguu, akajitazama mguu. Hakunichapa. Alisema tu, "Neno usilolijua, sema hulijui. Mbwa hawasomi." Mpaka anakufa, kila mgeni aliyekuja nyumbani alisimuliwa habari hiyo, na mimi nipo hapohapo nimekaa.

Nimeanza mbali. Mke wangu Veronika anasema mimi nikitumwa chumvi dukani naanzia Uvinza inakochimbwa. Lakini nilitaka mjue kwamba neno la Kizungu lilikuwa limeshanitia aibu mara moja kabla ya hili la kwenye kadi. Sasa ninayoandika ni habari za ugonjwa wangu. Naandika kwenye daftari kubwa, binti yangu Anastazia ni mwalimu, atanisahihishia herufi, ila nimemkataza kugusa maneno. Naandika kwa sababu pale kliniki nimeona watu wenye madoa kama yangu wamekaa wanatazama chini, na najua wanachowaza. Wanahesabu majirani.

Mimi ni Mkonongo, mrina asali, na baba alikuwa mrina asali. Mizinga yangu ya magogo iko porini, juu ya miombo na mininga. Kurina hakufanywi na mtu mmoja. Mmoja anapanda na kienge cha moshi, mwingine anabaki chini ameshika kamba. Anayepanda amefungwa kamba hiyo kiunoni, imepitishwa juu ya tawi, na aliye chini ndiye anayeikaza na kuilegeza. Nyuki wakichachamaa juu, aliye juu akiteleza, uhai wake uko kwenye mikono ya aliye chini. Kwa hiyo mtu hapandi na mtu asiyemwamini. Nilipanda mimi mpaka magoti yalipokataa. Baada ya hapo alikuwa anapanda Masanja, nami nashika kamba.

Masanja ni Msukuma. Alikuja na ng'ombe wake kutoka kaskazini miaka mingi iliyopita, akapata majaruba ya mpunga jirani na mimi. Nimemzidi miaka kama kumi na mitano. Asali nilimfundisha mimi, maana alipokuja alikuwa anaogopa nyuki kuliko simba. Tulikuwa watani. Utani wa watu wetu na Wasukuma sijui ulianza lini, wengine wanasema ulianza safari za zamani, wengine wanasema ulikuja na ng'ombe, ila sisi wawili tuliushika kwelikweli. Yeye ananiita mla mabuu. Mimi namwita mkia wa ng'ombe. Asubuhi akipita anasema, "Mwangaluka, mla mabuu, bado hujafa?" Namjibu, "Nakusubiri wewe utangulie nirithi ng'ombe." Mtu asiyejua angedhani tunagombana.

Mtani ana kazi yake msibani. Mnaojua mnajua. Dada yangu Leokadia alipofariki, mwezi wa kumi, kiangazi kimekauka, Masanja aliingia kwenye kaburi vijana walipokuwa wanalichimba, akalala humo chali na viatu vyake, akasema hatoki mpaka apewe jogoo. Watu wakaanza kucheka. Akaendelea mlemle kaburini, "Huyu mama mmeshammaliza. Aliyebaki ni huyu kaka yake, na huyu ni wangu, nimeshamchukua. Masika hii atanilimia majaruba yote, usiku, bila ujira. Asubuhi mtaona alama za fimbo mwilini mwake."

Kwetu watu wanaamini wapo wanaochukuliwa usingizini wakalimishwa mashamba ya wengine, wakaamka wamechoka wasijue kwa nini. Kila mtu pale alielewa anachotania. Walicheka hata wafiwa, hata mimi nilicheka nikafuta machozi, nikatoa jogoo mwenyewe. Ndiyo kazi ya mtani, kukuchekesha siku ambayo huwezi.

Mwezi wa kumi na mbili, mvua zimeshika, tunaandaa majaruba, nikaona doa kwenye paja. Kubwa kama yai, rangi ya zambarau iliyoiva. Haliumi. Nikasema nimejigonga. Baada ya siku tatu likaja jingine mkononi, na lingine mgongoni ambako mimi mwenyewe sikuliona, aliliona Veronika akinimwagia maji ya kuoga.

"Nani amekupiga?"

"Hakuna."

"Hakuna anapigaje?"

Miguuni kukatokea vidoti vyekundu vingi, vidogo, kama mtu amenimwagia ulezi. Nikitafuna muwa, fizi zinatoa damu. Nikiamka, mto una doa. Na uchovu, ule uchovu ambao hata kukunja mkeka ni kazi. Basi kijana wangu Deo akaja jioni moja, akakaa, akazunguka maneno, mwishowe akasema, "Baba, unakumbuka yale ya msibani?"

Nikamwambia utani ni utani, asirudie. Nilimkemea hasa. Lakini kwa kuwa naandika ukweli, nitasema. Mimi nilikuwa nimekumbuka kabla yake. Nilikumbuka siku ileile ya doa la kwanza.

Nilianza zahanati, wakapima malaria, hakuna. Nikaenda hospitali Mpanda. Wewe ambaye hujawahi, nikuambie mapema, utatolewa damu mara nyingi kuliko unavyodhani. Kijana wa maabara alinichoma, akajaza vichupa, na mahali alipochoma pakakataa kufunga, nikakaa nimebana pamba mpaka watu waliokuja nyuma yangu wakaondoka wote. Nilimwuliza, "Damu hii inakwenda wapi?" Akasema inakwenda kwenye mashine. Sikumwamini. Nilisogea mlangoni nikachungulia, na kweli kulikuwa na mashine. Nikaona aibu kidogo, ila siyo sana.

Wakasema chembe zinazofanya damu igande ni chache mno. Wakaniandikia niende hospitali kubwa Mbeya. Tulikwenda na Veronika, Januari, basi likikwama kwenye matope watu wanashuka kusukuma, mimi nimekatazwa hata kushuka nisije nikajigonga. Mzee mzima nimekaa peke yangu ndani, mke wangu anasukuma nje. Hilo nalo ni la ugonjwa.

Mbeya baridi inaingia kwenye mifupa. Benchi la kusubiri ni refu, na mwanaume mmoja aliyekaa karibu yangu alipoona mikono yangu alisogea. Akasogea tena. Mwishowe akasimama, akajifanya anatazama tangazo la chanjo ukutani. Mama mmoja msafisha sakafu, simjui jina, alituona, akaweka ndoo yake chini na kukaa pale alipotoka yule bwana, akaniuliza tumetoka wapi, na kama Mpanda mpunga umeshapandwa. Alikaa muda mfupi tu, akaendelea na kazi. Nimemkumbuka kuliko daktari.

Daktari mwenyewe alikuwa binti, umri wa mjukuu. Walipima kila kitu. Walipima ini, walipima virusi, waliniuliza dawa zote nilizowahi kumeza na mizizi yote niliyowahi kuchemsha, wakatia sindano kwenye mfupa wa nyonga kuvuta kilichomo. Ile inauma, sitakudanganya. Si maumivu ya kukata, ni ya kuvutwa, kama mtu ananyonya mfupa. Shika mkono wa mtu. Mimi nilishika wa Veronika, akaniambia baadaye nilimwachia alama, akacheka kwamba sasa wote tumepigwa.

Wiki iliyofuata binti daktari akaandika kwenye kadi yangu. Jina la ugonjwa ni refu, lakini mbele yake akaweka neno hili, nimelinakili herufi kwa herufi: idiopathic. Sisi nyumbani tulizoea kulisema idiopathiki. Nikamwuliza maana yake. Kwa sababu ya ile habari ya mbwa, siwezi kupita neno bila kuuliza.

"Maana yake chanzo hakijulikani, babu. Tumetafuta, hatukukiona."

"Kwa hiyo kipo."

"Labda kipo. Sisi hatukijui."

"Anayekijua ni nani?"

"Hakuna anayekijua."

"Duniani kote?"

"Duniani kote, babu. Mwili wako wenyewe unaziharibu hizo chembe. Kwa nini umeanza kufanya hivyo, hakuna anayejua. Ndiyo maana tunaliandika neno hili."

Akanieleza jinsi wanavyolitumia. Si neno la kuandikwa siku ya kwanza. Ni la mwisho. Linaandikwa baada ya kupima vyanzo vyote wanavyovijua na kuvikuta havipo. Kama umepanda kwenye mizinga yote ukaikuta mitupu, unashuka unasema hamna asali. Huwezi kusema hamna asali ukiwa umesimama chini. Huo mfano ni wangu, yeye hakusema mizinga. Akasema pia kwamba neno hilo si jina la ugonjwa. Ni sifa inayovishwa magonjwa mengi, ya mapafu, ya moyo, ya mishipa, kila mahali ambapo chanzo kimetafutwa kikakosekana. "Na halimaanishi hautibiki," akasema. "Dawa ipo. Utameza, na kliniki utahudhuria hukohuko Mpanda."

Leo nalielewa. Siku ile nilielewa kitu kingine kabisa. Kwetu daktari akikuambia hajui, watu wanachukulia kwamba anakuashiria. Anaogopa kusema wazi kwa sababu ya kazi yake, lakini anakuambia kwa heshima, mzee, hili si la hospitali, nenda kwa wanaojua. Kwenye basi la kurudi niliishika kadi ile mapajani kama barua ya siri. Nikasema moyoni, binti ana adabu, amenieleza bila kumtaja mtu.

Vidonge vilikuwa vidogo, vyeupe, vingi kwa mara moja, asubuhi baada ya kula. Usimeze tumbo tupu, vinachoma. Madoa yakaanza kugeuka ya kijani, halafu ya njano, kama maembe. Ningefurahi. Lakini uso ukavimba. Mashavu yakajaa yakabana macho, shingo ikaota nundu nyuma, miguu ikabaki myembamba kama ya korongo. Na njaa. Niliamka nawaza ugali. Veronika anasonga, namaliza, natazama sufuria. Hasira nayo, nilimtupia Deo kikombe kwa sababu amefunga mlango. Hizo ni dawa, daktari alituambia, lakini mtu mwenye shaka hasikii. Watu wakipita wanasema, "Mgonjwa gani huyu ananenepa?" Siku moja nilimsikia Veronika nyuma ya nyumba anamwambia Anastazia kwa simu, "Huyu siye baba yako. Sura siyo yake." Alikuwa analia. Mimi nikachukua kioo chake nikajitazama, nikaona kweli siyo yangu. Basi imechukuliwa na nani?

Kipindi hicho chote Masanja alikuwa anatuma maziwa. Kila asubuhi kibuyu, na maneno juu yake: "Mwambie mla mabuu anywe, bega la kushikia kamba lisinyauke." Nilikuwa napokea, nashukuru, Veronika akienda kisimani nammwagia mbwa. Halafu namtazama mbwa. Nilimtazama wiki tatu kama atakufa. Mbwa akanenepa, manyoya yakang'aa, akawa anamkimbilia Masanja njiani. Hata hilo nililiona ni dalili.

Akija mwenyewe alikuwa anasimama mlangoni, "Umenona hivi, nikuchinje lini?" Nilikuwa nakohoa, nasema nimechoka. Mtani akitaniwa asipojibu, kuna kitu kimekatika. Yeye alidhani ni ugonjwa.

Machi nikaacha vidonge. Daktari alikuwa amesema nisiache ghafla hata iweje, kwamba vinapunguzwa kidogo kidogo na yeye mwenyewe. Mimi niliviacha vyote kwa siku moja. Wewe unayesoma, kama utachukua kitu kimoja kwenye daftari hili, chukua hiki, usiache.

Deo akanipeleka kwa mganga mmoja ng'ambo ya Kasokola, simtaji. Mchana kweupe, jua kali baada ya mvua. Mganga akauliza hospitali wamesemaje. Nikatoa kadi. Nikamwambia wameandika chanzo hakijulikani.

"Wao," akasema. "Hawakijui wao." Akafumba macho. "Namwona mtu. Si wa mbali. Anakula kwako. Naona mkononi ana kamba."

Sikufikiria kwamba Deo alikuwa amefika pale siku mbili kabla kuulizia siku ya kuja, na kwamba Deo akikaa na mtu haachi neno mdomoni. Hilo nililijua baadaye. Pale nilisikia kamba tu, nikavua shati.

Akanichanja chale kifuani na mgongoni, ndogondogo, apake dawa. Mtu mwingine angetoa damu kidogo ikakauka. Mimi ilitoka. Akafuta, ikatoka. Akaweka majivu, ikapita kwenye majivu. Akabana kwa kitambaa, kikalowa, akaleta kingine, nacho kikalowa. Akamwambia Deo, "Mtoeni hapa." Hakusema pole.

Deo alipiga simu kutafuta pikipiki, barabara ni tope, hakuna aliyetaka. Akampigia mama yake. Veronika hakushauriana na mtu. Akampigia Masanja, ambaye alikuwa mnadani hapohapo Kasokola anauza dume.

Alikuja na pikipiki yake, tope mpaka kifuani. Hakuuliza kwa nini nipo kwa mganga. Akanipakia katikati, Deo nyuma amenishika, mimi nimelala kwenye mgongo wa Masanja, na shati lake, nalikumbuka, lilikuwa la bluu, likageuka. Njiani aliniongelesha nisilale. "Mtani. Mtani, usifie kwenye pikipiki yangu. Ukifa nani atanilimia yale majaruba?"

Na mimi, damu inanitoka, nimemshika kiunoni mtu anayeniokoa, nikawaza: amekiri. Amekiri mwenyewe mbele ya Deo.

Nilitundikiwa damu Mpanda. Muuguzi aliziona chale akatikisa kichwa. "Mzee, mwili wako hauna cha kuzibia, halafu wewe unautoboa." Vidonge nikaanza upya, vingi kuliko mwanzo. Aprili yote kliniki, kila Jumanne, benchi la mbao chini ya dirisha. Pale ndipo nilipokutana na mama wa Ikola.

Alikuwa mwanika dagaa, mnene, kanga mbili, na uso wake ulikuwa umepinda upande mmoja. Jicho la kushoto lilikuwa linafumba kwa shida. Alikuwa anaongea na kila mtu. Alisema awali mdomo ulipinda kabisa, ameamka asubuhi akinywa chai inamwagika, sasa umerudi sana.

"Na wewe wa nini, baba? Uso huo si wa ugali wa kawaida."

Nikacheka, mara ya kwanza baada ya siku nyingi. Nikamwonyesha kadi. Mimi huwa siwaonyeshi watu. Akaitazama, akatoa yake kwenye mfuko wa nailoni, akaweka kidole. "Mbona hili ninalo na mimi?"

Nikaangalia. Jina la ugonjwa lingine kabisa, la mshipa wa uso, lakini mbele yake, herufi zilezile, idiopathic. Nilizilinganisha moja moja, kama pale kwenye waya.

"Walikuambia maana yake?" nikamwuliza.

"Hakijulikani chanzo. Nikasema, nyie hamkijui, mimi nakijua. Ni mke mwenzangu. Nilimmwagia ndoo ya maji ya dagaa mbele ya mwalo mzima, pale mitumbwi inaposhusha samaki. Akakaa ananuka mpaka Jumapili." Akajifuta jicho. "Baada ya mwezi mdomo ukaanza kurudi wenyewe. Sijampa mtu kitu, sijatoa kuku. Sasa kama alikuwa yeye, ameniachia kwa nini, na nilishammwagia maji?"

"Mmepatana?"

"Tunasalimiana. Kama watu waliokutana stendi."

Nilifikiri sana kwenye lile benchi. Mtu wa Ikola ziwani, mwenye mdomo, na mimi wa Mwamkulu mwenye madoa, neno moja. Masanja hajawahi kufika Ikola, anaogopa hata bwawa. Kwa hiyo neno halimtaji mtu. Neno limewekwa mahali ambapo mtu angewekwa. Nililielewa vizuri kabisa. Nililielewa kichwani. Huku chini, kifuani penye makovu ya chale, palibaki na kitu kinakuna.

Maana mjue, kuambiwa ni fulani kunauma lakini kunatuliza. Unamchukia, unalala. Kuambiwa hakuna anayejua, unalala na nani?

Mei chembe zikapanda. Juni daktari wa Mpanda akaanza kunipunguzia vidonge. Uso ukaanza kunirudia, shavu moja moja, Veronika akasema sasa anamjua aliyelala naye. Nilipiga mswaki asubuhi moja, nikatema, mate meupe. Nikatema tena kuhakikisha. Nilimwita Veronika aje aone mate, akaja na kijiko mkononi, tukasimama tunayatazama kwenye majani.

Na maziwa nikaanza kunywa. Mbwa hakufurahi.

Ndipo Masanja akaja, "Mla mabuu, mizinga imejaa, nyuki wanatucheka. Unaweza kusimama?" Nikasema naweza. Tukaenda wawili tu, alasiri, jua limeanza kupoa, mpaka kwenye mninga mkubwa wenye mzinga alioutundika baba yangu. Nyasi zilikuwa zimekauka, zinalia chini ya miguu. Alifunga kienge, akajifunga kamba kiunoni, akarusha upande wa pili juu ya tawi, ukashuka kwangu. Nikaushika. Mikono yangu ilikuwa safi, hakuna hata doa. Aliitazama akatabasamu.

"Umepona kabisa," akasema. "Sasa kweli utalima."

Ningecheka tu. Ningesema mkia wa ng'ombe, panda. Mpaka leo nayapanga maneno hayo, ni rahisi. Badala yake nikamwuliza, na sikumwuliza kwa utani, alisikia mwenyewe.

"Masanja. Yale uliyosema kaburini. Ulikuwa na kitu?"

Alikuwa ameshaweka mguu mmoja kwenye shina. Akaushusha.

"Kitu gani?"

"Nauliza tu. Nijue."

Moshi wa kienge ukatuingia machoni wote wawili.

"Mnadani watu waliacha kukaa na mimi tangu masika," akasema. "Deo alikuwa anapita kwangu hanisalimii. Mke wangu akasema tuhame, watatuchomea. Nikamwambia hapana. Nikamwambia waseme wote, mzee mwenyewe hajasema. Mimi napanda juu, yeye ndiye anashika kamba, angekuwa anafikiri hivyo ningejua."

Nilisema, "Nilikuwa mgonjwa."

"Na leo?"

Nikatazama chini.

Akafungua fundo kiunoni, taratibu, bila hasira, kama mtu aliyemaliza kazi. Kienge akakizima kwa kukikanyaga, maana nyasi zilikuwa kavu, hakutaka pori liungue. Upande wangu wa kamba ulikuwa bado mkononi mwangu. Akageuka akashika njia ya kushuka bondeni. Mwezi ule ng'ombe wake wote waliswagwa kuelekea kusini, na majaruba akayaacha na mpunga ambao haujavunwa. Mimi nilibaki chini ya mninga nimeshika kamba, nikijua kwamba akifika penye kichuguu atageuka anitukane, kama kawaida yake. Alikipita kichuguu. Hakugeuka, na hajarudi.